Jeni Isiyo na Kazi

Maabarani walimwita Bi Hamira, na jina likamkaa. Jeni zote za hamira zilikuwa zimeshasomwa herufi kwa herufi. Kilichobaki ni kujua kila moja inafanya nini. Njia yenyewe ni rahisi kuisema. Unaiondoa jeni moja, unaiotesha hamira iliyopungukiwa kando ya ile nzima, unaangalia kama italegea.

Jeni aliyopewa yeye ilimtoa jasho. Miaka miwili! Alijaribu sukari za kila aina, chumvi, joto, hata sumu, na hamira isiyo nayo ikanawiri vilevile. Mkuu wa maabara akamwambia, "Ijumaa tunaandika 'haina kazi', tunafunga jalada. Usijiumize, binti yangu." Haya, mtu asiyeumia ndiye hodari wa kukwambia usijiumize. Bi Hamira alirudi kwenye meza yake akalia kidogo.

Jumapili alikwenda kwa mama yake, aliyeoka mikate miaka thelathini mpaka mikono ikagoma kukanda. Tanuri lilishauzwa. Siku hizi mama alishinda dirishani akiitia kasoro mikate ya watu.

"Haina kazi?" mama alikuja juu. "Nani kasema? Msichokijua nyie ndicho hakina kazi?"

"Mama, nimeijaribu kwa kila kitu."

"Hiyo hamira yenu inakaa wapi?"

"Kwenye maji ya sukari, penye joto zuri."

"Basi mmeidekeza! Mimi yangu ilikaa koponi miezi, kavu kama vumbi. Kuumua unga si shida, mwanangu. Shida ni kuamka. Mmewahi kuikausha?"

Hawakuwahi. Maabara nzima ya wasomi, na hamira kavu ya dukani wote wanaijua! Bi Hamira aliona aibu, halafu akacheka mpaka machozi yakamtoka.

Jumatatu alizipaka hamira zote mbili kwenye karatasi, akaziacha zikauke. Jumatano akazilowesha kwa maji ya uvuguvugu, akaziweka kwenye visahani vyenye chakula. Ijumaa asubuhi mkuu akaingia, jalada kwapani. Kisahani cha hamira nzima kilijaa madoa meupe: imeamka. Cha pili kilikuwa kitupu.

"Rudia," alisema mkuu.

"Nilifanya jozi tano, mzee. Zote ziko hivyo."

Mkuu alivuta kiti akakaa. Kwenye fomu kulikuwa na nafasi ya aliyebuni jaribio, naye akashika kalamu amwandike Bi Hamira. Bi Hamira akaomba kalamu, akaijaza nafasi ile mwenyewe.

Jioni alimpelekea mama nakala ya fomu. Mama akavaa miwani, akafuata mstari kwa kidole mpaka kwenye jina lake, na mbele ya jina: mwoka mikate. Akasoma tena.

"Umekosea hapa," alisema. "Mimi sina kazi siku hizi."

"Nani kasema? Kuna jeni nyingine mia tulizoziandika hazina kazi. Jumatatu nakupitia saa mbili."