Duara la Chaki

Kila mwaka, siku moja kabla ya sikukuu ya mji, mama huchora duara la chaki katikati ya uwanja wa zamani, na hakuna anayelikanyaga. Bendi hupiga kando yake, wanafunzi hulizunguka wakiandamana. Mama alisema hapo ni mahali pa waliotutangulia, na mji mzima ukaamini. Wengine huleta hata maua.

Mwaka huu magoti yake yamegoma. Alinishika bega, akainama kwa awamu tatu, akachora, kisha akabaki ameinama kwa sababu kunyooka nako ni kazi. Mimi mwenyewe nilikuwa hoi. Ukishakuwa mwashi wa miaka hamsini na mbili, mgongo nao unadai likizo.

Afisa wa sherehe, ambaye kiti chake cha ofisini hakijapata joto bado, akaja na mchoro mkononi.

"Fundi, jukwaa linakaa hapa hapa katikati. Kwaya ya watu sitini. Mambo ya mizimu tumeyaacha."

"Hapana," mama akasema.

"Maua tutayaweka pembeni, mama. Usijali."

Mama akanivuta hadi kwenye ngazi za posta, akakaa, akashusha pumzi.

"Unakikumbuka kisima cha pale," akaniambia. "Mji huu ulianzia pale. Watu walikuja kuteka maji, wakakaa kupiga soga, soko likaota, harusi zikachezwa. Bomba lilipoingia, wewe ukiwa kazini mbali, baba yako akapewa kazi ya kukiziba. Sikukuu ilikuwa keshokutwa. Akalaza mbao, akamwaga zege jembamba juu yake. Alisema sherehe ikiisha atarudi akijaze kifusi. Ndipo akaugua, akafa, na mji mzima ukadhani kimejazwa."

"Miaka ishirini na sita, mama! Mbona hukuniambia?"

"Ningekuambiaje, na wewe kila tofali unaloweka unamtaja? Nami nilijua watu hawaogopi zege bovu. Ila huwaheshimu wafu."

Nilikasirika. Nilitaka kumwambia amezeeka, anachanganya mambo. Baba ndiye aliyeniwekea mwiko wa uashi mkononi. Kila kazi aliyomaliza aliibonyeza kidole gumba pembeni, saruji ikiwa mbichi. Nimewaonyesha wanangu alama hizo shuleni, kwa daktari, hata kwenye ngazi hizi alizokalia mama. Nikasema nitamwonyesha na ya pale.

Nikapiga magoti, nikapangusa vumbi kuizunguka ile sehemu ya zege. Nikazunguka mara ya pili, taratibu, nikipapasa kwa vidole. Haikuwepo. Baba hakutia kidole chake pale. Alijua.

Nikachukua nyundo nikagonga. Mwashi yeyote hugonga kazi asiyoiamini, ni jambo la kwanza tunalofundishwa. Pale sikuwahi kugonga. Sauti ikarudi tupu, kama debe.

Nyuma yangu vijana wa jukwaa walikwisha kushusha nguzo. Ningeweza kumnong'oneza afisa kwamba zege limezeeka tu, lina nyufa, tusogee mbele. Angekubali. Mwakani mama angechora tena, na siku magoti yatakapomshinda kabisa ningechora mimi, kisha wanangu. Nilichoka hata kabla ya kuanza.

Nikawaambia vijana wasogee, nikainua mtaimbo. Pigo la tatu likapenya. Kipande kikubwa kama meza kikazama, tukasubiri, tukakisikia kikitua majini, mbali sana chini. Ubao uliobaki ukingoni ulikuwa umeoza, unamegeka kama mkate.

Afisa alirudi nyuma, uso umempauka. Watu wakaanza kujaa, wengine na maua yao mkononi. Mama naye alikuwa amejikokota hadi pale, chaki bado iko mkononi.

"Kwaya yangu yote!" afisa akafoka. "Ni mjinga gani aliyeziba hivi?"

Mama akanitazama. Hakutikisa kichwa, wala hakunikataza.

"Baba yangu," nikasema.

Mama akaidondosha chaki shimoni, akaomba kiti.