Asianguke

...na kichwa chenyewe cha moto hivi, au mkono wangu ndio wa baridi, kapiga magoti hapa kwenye kapeti mbele ya kiti changu kama kila siku ya mechi, mjukuu wangu Elias, anangoja nimwombee aende, mkono nimeshauweka utosini na maneno hayatoki, huko nje Zachariah mwenzake wa timu anapiga honi, na Asumpta, mwanangu, mama yake huyu, kasimama mlangoni na begi, "Mama, unamchelewesha mumeo," anacheka, na Elias naye chini kwa chini, "Mke wangu, pesi pesi," Kiswahili chake hicho cha kukulia huku Scarborough, ughaibuni... cheka tu, Asumpta, wewe Jumanne ulikuwa kazini, hukuona, alikuja hapa akala maharage na chapati tatu, akaosha sahani mwenyewe, akanibusu, akaondoka, haikupita nusu saa huyo tena mlangoni, anavua viatu, "Shikamoo Bibi, ninaskia njaa," mimi nikacheka, nikamwambia mume wangu, tumbo lako lina mlango wa nyuma nini, hakucheka, ananitazama tu, macho ya mtu aliyeshuka safarini... nikampakulia, ningefanyaje, akala chapati mbili nyingine, na alipopeleka sahani kwenye sinki akaiona ile ya kwanza, bado inachuruzika maji, akaishika, akaigeuza geuza kama si yeye aliyeiosha, halafu akasema, "Bibi, usisema kwa Mama," nami mjinga nikaitikia, sisemi, mume wangu, sisemi... honi tena, leo mechi kubwa, wakishinda ni fainali, uso wake umebandikwa ubavuni mwa mabasi, Anwarali wa duka la viungo, mtu wa Iringa zamani, katundika jezi yake ukutani, nikiingia anawatangazia wateja, "Huyu ndiye bibi yake Elias, mpisheni!" na mimi navimba kichwa, miaka minne kacheza Marekani, miwili huku tunakoishi, kazi yake anapewa ule mpira wenye umbo la yai akimbie nao, na wanaume kumi na wawili upande wa pili kazi yao moja, wamwangushe... na dua hii sikufundishwa na padri, ni yangu, mwaka ule elfu mbili na moja, yeye ana miaka kumi na moja, kofia ngumu imemmeza kichwa, niliogopa, nikamshika hapa hapa nikasema Mungu wangu, asianguke, akarudi anaruka ruka, Bibi, sikuanguka! na tangu hapo haanguki, wenzake wakishikwa wanalala, imekwisha, yeye anabaki wima, anaburuta watatu mgongoni, wa nne anamjia na kichwa, wa tano, na uwanja mzima unapiga vigelegele, kocha wake kule Marekani alimuuliza kwa nini hulali ukishashikwa, akajibu bibi yangu kaomba nisianguke, Asumpta alinisimulia tukacheka mpaka chai ikamwagika, tulicheka, ee Mungu, kumbe ni neno langu, kila kigongo alichopigwa kichwani amesimama ni mimi nilikuwa nyuma yake nimemshika shati apigwe vizuri... na utosi huu niliuona ukidunda, Songea, ana siku tatu, Asumpta hajiwezi kitandani, nilimwogesha mimi, nauziba kwa kiganja maji yasiupige, maji, mimi niliogopa maji... "Bibi?" anasema, bega limeanza kumcheza, "Bibi, sema amina," niseme nini kabla ya amina, nikisema asianguke anakwenda kusimama wapige, nikisema aanguke anasikia, atacheka, atadhani utani, na hata akianguka atainuka apewe tena lile yai, hapa dua haifiki, nilikuwa nataka Mungu aseme kwa niaba yangu, mimi nikae nimenyamaza, mke mwema, mtunza siri... Asumpta hacheki tena, "Mama, vipi? Unaumwa?" siumwi mimi, anayeumwa yuko chini ya kiganja changu, na nikifungua mdomo sasa hivi, Zachariah yuko nje, gari linanguruma, ataniinulia macho yale, Bibi, uliahidi, ataondoka kabamiza mlango, Jumanne haji tena kula, haniiti tena mke wangu, mechi ya maisha yake nimemharibia... basi abamize, nitasema, Asumpta, weka begi chini, mtoto alikula mara mbili, naanzia hapo hapo kwenye chapati, na yeye anikasirikie mwaka mzima, miwili, anisemee mbovu kwa Kiingereza nisichokijua, mtu akikukasirikia si bado anajua wewe ni nani...