Neno la Ghalia

Thani alikuwa mwandishi wa gazeti huko Mwanza kabla ya kuhamia Oman, na uzee ulipomkuta Birkat al Mauz, ubishi wa kazi ile ulikuwa haujamtoka. Akajipa shughuli ya kuandika, kwa Kiswahili, maisha ya Josaya Pell, mwandishi wa magazeti wa Uingereza wa zama za Malkia Viktoria. Hebu niambie, nani angeisoma habari ya Mzungu huyo katika kijiji cha migomba na mitende? Wajukuu wamezoea Kiarabu, na Kiswahili chao cha kuombea chai. Msomaji alikuwa mmoja tu, mkewe Ghalia, mzaliwa wa Unguja, na Ghalia figo zilikuwa zimekwisha.

Basi Thani aliandika mbiombio, asije akaachwa na msomaji wake. Kila Ghalia akirudi kutoka hospitali ya Nizwa kusafishwa damu, alijilaza kwa ubavu, na mumewe akamsomea: Pell kijana akipanga herufi za risasi katika kiwanda cha chapa, Pell akiandika habari za kipindupindu katika vichochoro vya London. Ghalia hakuwa na huruma. Alimsahihisha hata mahali pa kuvuta pumzi, akisema Kiswahili chake cha bara kimepanda garimoshi mpaka kimechakaa.

Alasiri moja walifika pale mke wa Pell anapofariki, na Pell, kwa kuogopa kukosa nafasi gazetini, anamaliza kwanza habari yake ndipo anakwenda kumzika. "Pell akabaki mjane," akasoma Thani.

Ghalia alifumbua macho. "Mjane mwanamke, baba Hud. Mwanamme aliyefiwa na mkewe huitwa mgane."

Thani alicheka. Akasema umri wake wote gazetini hajapata kulichapa neno hilo, na neno lisilojulikana na msomaji ni sawa na kosa la chapa. Ghalia akamjibu alikatae tu, iko siku atalitafuta. Kisha akageukia ukutani. Thani aliona amemuudhi, ikamuuma, lakini akaenda mezani kumalizia sura kwanza, atamtaka radhi wakati wa chai.

Alipomletea chai, Ghalia alikuwa amekwisha kufa.

Siku za azaa, matanga ya huko, zilipita, watu wakarudi makwao. Thani aliifungua sura ile, akalikata neno mjane, akaandika mgane. Mjukuu wake Shurooq, aliyekuwa akimchapia kwenye kompyuta, alifika hapo akasimama.

"Babu, hii neno, mgane, maana yake eish?"

Thani alingoja mtu amsahihishe mtoto, kama ilivyokuwa desturi ya nyumba ile. Kitanda cha Ghalia kilikuwa kimekwisha kutandikwa. Akataka kumweleza habari ya Pell, lakini akalia mbele ya mjukuu wake bila kujificha.

"Ni mimi, mjukuu wangu," akasema. "Mgane ni mimi."