Pingamizi la Wade

Tangazo lilitoka gazetini Alhamisi, kama sheria ya jimbo ilivyotaka: jina la zamani, jina jipya, siku ya kesi, na chumba namba mbili. Odette Haskett alikuwa ameomba lisichapishwe, akakataliwa. Kufikia jioni mji mzima wa Pruitt ulijua kwamba mtoto wa mzee Haskett, aliyelelewa kama mvulana, anataka mahakama imtambue kwa jina la kike.

Baba yake alipiga simu. Hakufoka, na hilo ndilo lililomtisha Odette zaidi.

"Siku hiyo tutaonana," alisema, akakata.

Tangu hapo Odette hakulala nyumbani kwake. Alilala kwenye kochi la Bernadette, rafiki yake mwenye duka la dobi, na kila gari lililopunguza mwendo nje lilimkausha mate.

Siku ya kesi walikaa mstari wa mbele mahakamani. Odette aliupa mlango mgongo, lakini masikio yake yote yalikuwa kule.

"Tulia," Bernadette alimnong'oneza. "Unanivunja vidole."

"Akija je?"

"Akija kuna askari pale. Mwone alivyo na tumbo, lakini bunduki anayo."

Mlango ulilia. Odette aligeuka. Hakuwa baba. Alikuwa Wade, kaka yake mkubwa, kofia mkononi, hajanyoa. Walikuwa hawajasemezana tangu Odette alipoanza kuvaa gauni.

Jaji, mama mwenye sauti ya mafua, alipitia jalada kisha akauliza kama kuna mwenye pingamizi.

Wade alisimama.

Odette alimwachia Bernadette vidole.

"Wewe ni nani kwa mwombaji?" jaji aliuliza.

"Tumezaliwa tumbo moja, mheshimiwa. Baba amenituma nipinge."

"Kwa sababu gani?"

Wade aliizungusha kofia. "Amenipa maneno ya kusema." Akamtazama Odette. "Siyasemi."

"Basi una pingamizi au huna?"

"Sina. Huyu ni dada yangu." Akakaa, uso umemwiva.

Jaji alitia sahihi hati ya jina jipya. Bernadette alikuwa akilia. Odette hakulia; alikuwa akimtazama Wade akitoka haraka, akajua kuna jambo.

Alimkuta ukumbini amesimama kando ya dirisha.

"Baba yuko wapi, Wade?"

"Kwenye gari, karibu na gari lako. Bunduki ya kuwindia iko kiti cha nyuma. Anasema ni ya kukutisha tu. Mimi sijui." Akaonyesha kwa kidole mwisho wa ukumbi. "Tokeni mlango wa nyuma. Nitakwenda kukaa naye."

"Atakufanya nini akijua hukupinga?"

"Nenda, Odette."

Ilikuwa mara ya kwanza Wade kulitamka jina hilo, na alilitamka vibaya.

Bernadette, aliyekuwa amefika nyuma yake, alimwita yule askari, ambaye alitoka mbio kupitia mbele huku akiita wenzake kwa redio ya upepo. Wao walipita nyuma, wakachukua lori la dobi la Bernadette, lililoegeshwa huko. Odette alilala chini kati ya magunia ya mashuka, hati ya mahakama imelowa jasho kifuani. Kwa safari nzima alitega sikio akingoja mlio wa bunduki. Hakuusikia, na hilo halikumpa amani.

Jioni Wade alituma ujumbe: baba amenyang'anywa bunduki, yuko kituoni mpaka kesho.

Odette aliusoma, akaanza kufungasha nguo ili ahame Pruitt kabla baba hajaachiwa.