Mjane Mwenye Mume

Taa inawaka, vumbi linasimama hewani, na mume wa Sornam anakufa.

Hufa asubuhi, kabla ya chai. Hufa kwa risasi, hufa kwa homa, hufa kwa kuzama, hufa kwa kuangukiwa na magunia ya karanga katika ghala la tajiri mbaya. Mara nyingine hufa kabla Sornam hajaambiwa hata jina lake. Mwongozaji wa sinema husema, amekufa, lia. Naye hulia, hapo hapo, bila dawa ya kudondoshewa machoni, machozi mawili mazito yakifuatana kama ng'ombe wanaojua njia ya nyumbani.

Kisha Pappamma mpambaji huja na kitambaa cha maji. Hufuta alama nyekundu kwenye paji la uso. Huchomoa asumini nyweleni. Hugonganisha bangili za kioo mpaka zivunjike, kisha humvika sari nyeupe ya mjane. Yote hayo Pappamma huyafanya huku anatafuna tambuu na kumsengenya mkwewe, maana kwake ujane ni kazi kama kumenya vitunguu.

Na saa ile ile, ng'ambo ya reli, mume wa Sornam amekaa sakafuni anaongezewa idli, vile vimkate laini vya mchele. Huyo ni Kadirvel, fundi wa breki katika karakana ya treni, mtu wa kitambi na masharubu, ambaye hajapata kuugua hata mafua ya kusimulia.

Hivyo ndivyo Kodambakkam, mtaa wa studio za sinema, ulivyomlisha Sornam. Kuna waliolishwa kwa viuno vyao na kuna waliolishwa kwa sauti zao. Yeye alilishwa na maiti.

Alikuwa amekuja mjini na miguu ya kucheza. Alikuwa msichana wa kutoka kusini, kwenye mashamba ya mpunga, na walimweka safu ya nyuma, nusu ya uso wake ikifichwa na bega la mwenzake. Akacheza mvua za bomba, akacheza mahekalu ya mbao, akacheza mpaka nyayo zikaota sugu. Mwaka mmoja akapewa kuwa dada wa steringi, akapata nusu ya wimbo. Nusu ile aliiimba jikoni kwake mwaka mzima, na majirani waliijua kuliko waliokata tiketi.

Malar, binti yake, alipokuwa bado ananyonya, mwanamke aliyezoea kuigiza mama akapandwa na homa, na Sornam akavikwa sari yake nyeupe, kwa kujaribu tu. Sari ikamkaa. Ikamkaa vibaya sana, yaani ikamkaa vizuri. Mwanawe wa siku ile, steringi mwenyewe, alimzidi umri. Yeye walimpaka rangi nyeusi nyweleni na Sornam wakampaka majivu. Mbele ya kamera steringi alimgusa miguu, akamwita mama. Kwenye chakula cha mchana akamwita mdogo wangu, akamwomba achari.

Sinema ile ikakaa kwenye majumba ya maonyesho mpaka mabango yakapauka. Tangu hapo hakuvaa rangi tena mbele ya kamera.

Taa ikiwaka, mume akafa. Taa ikizimwa, Pappamma akamrudishia alama nyekundu kwa kidole chake mwenyewe, maana mwanamke mwenye mume hatoki studio akiwa na paji tupu. Hilo hata watayarishaji wagumu walilijua, na gari lilisubiri.

Aliomba, msidhani hakuomba. Aliomba apewe japo mke wa polisi, japo mke wa muuza maziwa, mke yeyote mwenye mume anayeamka asubuhi. Wakamcheka kwa mapenzi. Mama Sornam, walisema, mume wako akiwa hai, sisi tutalia nini?

Basi cheupe kikaanza kumfuata nje.

Kwanza alikuwa kijana mmoja aliyetoka na suruali iliyopigwa pasi, anakwenda kutafuta kazi. Akamwona Sornam getini kwake, akageuka, akarudi ndani, akanywa maji, akaanza safari upya, kama afanyavyo mtu aliyekutana na mjane asubuhi. Sornam alimsimulia Kadirvel, na Kadirvel akacheka mpaka wali ukampalia. Wakacheka wote wawili. Siku ile kilikuwa kichekesho.

Halafu zikaja harusi. Walimwalika, walimpigania, walimkalisha mbele na kupiga naye picha. Lakini walipoitwa wake wenye waume zao wampake bibi harusi manjano, mkono wenye bakuli ulifika kwake na kupita. Hakuna aliyekusudia ubaya. Mkono ulipita wenyewe. Mkono nao ulikuwa umekwenda sinema.

Kadirvel alikuwa akisema kwa sauti, "Mimi nimekaa hapa, au mnaona kiti kitupu?" Watu walicheka, na Sornam alicheka nao. Iliuma, lakini alicheka.

Jambo baya zaidi lilikuja taratibu, na hakumwambia mtu. Alianza kuogopa. Alizoea kuamka kabla ya jogoo asikilize kama Kadirvel anakoroma, na akimsikia anakoroma, aliinuka kuwasha jiko na moyo mweupe.

Malar akakua, akaposwa. Kijana aliitwa Elango, mwalimu wa hesabu, mpole, mwenye pikipiki. Baba yake alikufa naye akiwa mtoto wa kubebwa, na mama yake, Visalakshi, alimlea kwa kushona blauzi za wenzake. Visalakshi alikuja kuona nyumba akiwa amevaa cheupe, lakini si kile cha studio chenye wanga na mikunjo. Chake kilikuwa kimefuliwa mpaka kimekuwa na rangi ya majivu. Hakusema mengi. Alimtazama Sornam kama mtu anayetazama picha aliyopigwa bila kujua.

Aliyesema alikuwa shangazi wa kijana, Kamakshi, mwanamke mwenye almasi puani na neno kwa kila jambo. Alingoja siku ipangwe, kahawa inywewe, ndipo akaleta lake. Kwenye kumkabidhi binti, baba hushika mkono wa mwanawe juu ya mkono wa bwana harusi, na mama humimina maji juu ya mikono hiyo. Kamakshi alitaka kazi hiyo ifanywe na mdogo wa Kadirvel pamoja na mkewe. Wao ni wawili kamili, alisema. Sornam na mumewe wangekaa na wageni, na si popote, mbele kabisa.

"Si kwamba tunaamini mambo hayo," akasema, na hapo kila mtu akajua kwamba anaamini. "Lakini watu wana macho, dada. Kijana akipiga chafya tu, watasema ni ule mkono."

Kadirvel akaweka kikombe chini. "Kwa hiyo mimi nimekufa," akasema. "Mngeniambia mapema, nisingenunua viatu."

Safari hii hakuna aliyecheka. Visalakshi alitazama sakafu. Sornam akasema, sawa.

Alisema sawa upesi hivyo kwa sababu alikuwa amekwisha kulifikiria kabla ya Kamakshi. Wageni walipoondoka Kadirvel alifoka, na huyo si mtu wa kufoka. "Miaka yote hii unaniua, mama Malar, na mimi nanenepa. Mimi ndiye mume pekee uliyeshindwa kumwua. Unaogopa nini?"

Sornam alikuwa anaiogopa pikipiki. Aliogopa barabara ya malori, mvua, nyoka, homa ya mji, kila kitu kinachoweza kumpata kijana mpole wa watu. Aliogopa kwamba likitokea lolote Malar atageuka amtazame yeye, mara moja tu, bila kutaka. Jicho hilo hangeliweza.

Malar alilia, akasema hataolewa kwa mkono wa baba mdogo. Sornam akamwambia mama hupita kando ili mtoto apite, ndiyo kazi ya mama. Aliyasema vizuri mno. Baadaye, akiosha mchele, akakumbuka kwamba maneno yale alikwisha kuyasema mbele ya kamera, na wakati ule pia hakuna aliyemzuia.

Siku ikafika, nayo ikafika na zumari. Ukumbi ulinukia asumini, samli na kahawa, migomba imefungwa mlangoni na mikungu yake ya ndizi, na ngoma zikapiga mpaka glasi zikatetemeka. Sornam alivaa sari ya kijani ya kasuku yenye pindo jekundu. Alijaza bangili mpaka kwenye kiwiko, akapiga alama nyekundu pana kwenye paji. Watu walimtazama kama wanaotazama kosa la fundi wa mabango.

Hakukaa mbele. Mbele kuna macho. Akaenda nyuma kabisa, nyuma ya nguzo, karibu na mlango wa jikoni ambako wapishi wanapita na ndoo za mchuzi wa sambaru. Hapo akamkuta Visalakshi, peke yake, magoti pamoja.

Mama wa bwana harusi alikuwa amekaa mlango wa jikoni. Miezi yote ile ya maandalizi hakuna aliyeuliza Visalakshi atakaa wapi, kwa sababu kila mtu alijua. Sornam mwenyewe hakuuliza. Miaka yote ile amevaa nguo ya mwanamke huyu, na hakuuliza. Aibu ilimshika mpaka masikio yakawaka.

"Mkwe, mbona uko huku?" akasema, na papo hapo akatamani kulirudisha neno.

Visalakshi akavuta pindo la sari kumpa nafasi. "Hapa ni pangu. Wewe ndiye umepotea."

Wakakaa. Ndoo ikapita. Visalakshi akasema, bila kumtazama, kwamba mumewe alipokufa yeye alikuwa bado msichana, na aliwahi kutoroka kwenda sinema ya mchana, amejifunika. Akamwona Sornam amevaa kama yeye, na taa yote iko juu yake. Kwenye sinema hiyo mwanawe anaoa, naye yuko katikati, anambariki, na hakuna anayemtoa. "Nikasema, kumbe inawezekana."

"Ilikuwa sinema, dada."

"Najua ilikuwa sinema. Nilirudi kesho yake kuitazama tena."

Zumari zikapanda. Kuhani akawaita wa kumkabidhi binti. Mdogo wa Kadirvel na mkewe wakasogea jukwaani, kwa aibu, kama watu waliovaa nguo za kuazima. Kadirvel akainuka kutoka safu ya mbele, akageuka. Hakuita. Alisimama tu, mgongo kwa jukwaa na uso kwa ukumbi, na kitambi chake na masharubu yake, mzima kabisa, ili kila mwenye macho amwone. Akamtafuta mkewe safu kwa safu mpaka akafika kwenye nguzo.

"Nenda, dada," Visalakshi akasema.

"Siwezi. Kijana wako…"

"Kijana wangu ni wangu. Wa kumwogopea ni mimi, na mimi siogopi." Sasa alimtazama. "Mimi niko huku kwa sababu mtu alikufa. Wewe nani amekufa? Umeniigiza vya kutosha. Inuka."

Sornam akainuka. Lakini mkono wa Visalakshi alikuwa ameushika, na hakuuachia. Visalakshi akavuta mara moja, akavuta tena. Mkono wa mshonaji una nguvu, lakini siku hiyo mkono wa Sornam ulikuwa na nguvu zaidi. Wakatoka nyuma ya nguzo, cha kijani na cheupe, wakapita katikati ya ukumbi, na wanawake wakakusanya miguu kuwapisha. Kamakshi akafungua kinywa, zumari zikamfunika. Mzee mmoja akamuuliza jirani yake hii ni sinema gani.

Mdogo wa Kadirvel alishuka kabla ya kuambiwa, na mkewe akampa Sornam chombo cha shaba kama mtu anayetua mzigo. Kadirvel akaushika mkono wa Malar, akauweka juu ya mkono wa Elango. Malar alikuwa analia na kucheka, wanja umemshuka mpaka kidevuni.

Ndipo mpiga picha akawasha taa yake.

Vumbi likasimama hewani. Sornam akageuza shavu kuutafuta mwanga, kwa mazoea, maana mwili wake ulijua namna ya kusimama ndani yake. Mwanga haukuwa juu yake. Ulikuwa umemwangukia Visalakshi, pale ukingoni mwa jukwaa, na Visalakshi hakujua aufanye nini. Alijiziba macho kwa pindo la sari yake ya majivu, akarudi nyuma hatua moja.

Elango akamwona. Mikono yake ilikuwa imeshikwa, hakuweza kuinuka wala kuinama.

"Mama," akasema. "Sogea. Hapa, karibu yangu."

Ngoma zilisubiri. Visalakshi akaja polepole, akishika ukuta ambao haukuwapo. Sornam akangoja mpaka amefika, ndipo akamimina maji.