Maneno Aliyomwekea Jaji

...Jumanne, tarehe kumi na nne Januari, saa tano na robo asubuhi, ndipo hapo nilipofiwa, watu hudhani ni siku aliyofariki lakini mimi naona ni hapo, wakaguzi wawili walipoingia katika duka letu la dawa pale Kibokoni wakamwambia mume wangu aweke funguo mezani, naye Baba Fadhiya akauliza jambo moja tu, insulini ya watu iliyo kwenye friji nimwachie nani, asijibiwe, mlango ukafungwa, karatasi ikabandikwa, leseni imesimamishwa... na sasa simu hii mkononi mwa mwanangu Fadhiya ndiyo korti, vichwa vidogo vidogo ndani ya vijumba, kesi ya mtu mwengine inasomwa, yetu bado, nami nimekaa na nguo zangu nyeupe za eda, mjane hatoki ila kwa dharura, na Wakili Mumo alisema, "Usijali, Bi Shukri, siku hizi korti inakufuata nyumbani," haya, imenifuata, imo chumbani mwangu pamoja na kitanda cha marehemu... "Mama, sogea, huonekani." "Sitaki kuonekana." "Jaji lazima akuone." "Basi anione mkono." Anacheka, mtoto wa watu, tangu tuzike sijamsikia akicheka, alhamdulillahi... na sasa jogoo anawika ndani ya korti, kuna mtu hakuzima sauti ya simu yake, jaji anauliza, "Huyo naye ana wakili?" wote wanacheka, hata wakili wa wale waliotufungia anacheka, namwona meno, simlaumu, yuko kazini, akitoka hapo atakula chakula chake cha mchana, lakini mimi nikitoka hapa nitakwenda wapi, dirishani nasikia watu wa mtaani wakipita na najua wanayosema, kwamba Tsofa yule mwenye dawa, mume wangu, alikuwa akiwauzia mateja vidonge... mateja, yeye, aliyekuwa akiwafukuza mlangoni kwa fagio... vidonge alipelekewa Bi Raihana wa nyumba ya pili, mumewe alikuwa amefariki, hapati usingizi, yumo edani na kwenda kliniki hataki, Baba Fadhiya akambishia hodi akampa kupitia mlango ulioegeshwa, akasema cheti cha daktari kitafuata, ndivyo alivyowafanyia majirani siku zote, kitafuata, na kwa kweli kilikuwa kikifuata, ila mara hii wakaguzi walitangulia, wakahesabu vidonge, vimepungua, karatasi hakuna... na Bi Raihana, eda yake imekwisha sasa, alikuja akakaa hapa hapa mkekani akalia, "Wallahi, mwenzangu, nitakwenda niape kwamba ni mimi niliyevimeza, wamwache marehemu wa watu," nikafurahi, nikampigia wakili simu hapo hapo, akasema taratibu, "Mama, hilo ndilo wanalomshtakia. Akiapa, ametumaliza"... basi lile linalomsafisha mbele ya majirani ndilo linalomchafua mbele ya sheria, nikalirudia, nikalirudia, halikubadilika... kwa hiyo tunachodai kortini ni kingine kabisa, kwamba walimfungia bila kumsikiliza, hilo tu, asikilizwe, tarehe ikatolewa, ikaahirishwa, ikatolewa tena, naye kila asubuhi akivaa shati lake la kazi akikaa ukumbini hana pa kwenda, mpaka moyo ukamsimama mwezi wa nne, na sasa wale wameandika kwamba leseni ni ya mtu, mtu hayupo, kesi nayo ife, jaji aseme leo kama mke aweza kusimama mahali pa mumewe... "Bado, Mama, wamo kwenye nyengine." Bado... usiku na mchana naomba akubali, Mola, jaji huyu alainike, nisimame mimi, asikilizwe... asikilizwe nani? Nitasema nini mimi? Dukani sikuwapo, dawa sizijui, na kila nilipomwuliza, Baba Fadhiya, utawaambia nini, alinitazama vile anavyotazama mtu aliyechoka, akasema, "Niache, mke wangu, nitayasema mbele ya jaji," na hakuniambia, akayaweka, akayaweka vizuri kama alivyoweka kila kitu, akaondoka nayo... jaji anaweza kukubali, nitafungua kinywa, na patakuwa kimya... sikulijua hili nilipotawadha asubuhi, nalijua sasa, wanaita jina la mtu mwengine tena, Fadhiya amechoka mkono anashika simu kwa mkono wa pili, nami midomo inanitikisika, na anadhani nafanya mazoezi ya kujibu... ewe Mola, mja wako Tsofa alikuja kwako hajasikilizwa na mtu, msikilize Wewe, mwache aanze mwanzo asikatizwe, alichokosea Unakijua na alichokikosea kwa huruma Unakijua pia, mghufirie, mpanulie kaburi lake, litie nuru, amin, amin...