Tiketi ya Tango

Usiku wa jana niliota nikibadilisha maji ya samaki. Ni kazi ninayoifanya kila Ijumaa nikiwa macho, kwa hiyo kwa muda sikujua kwamba nimelala. Ndoo ya maji yaliyotulizwa ilikuwa pale pale mlangoni, taulo lilikuwa begani mwangu, na Baba alikuwa kwenye kiti chake akitoboa ganda la chungwa.

Baba hutoboa vitu. Alikuwa mkaguzi wa tiketi kwenye treni, na alipostaafu aliondoka na kile kikoleo chake cha kutobolea, kinachoacha tundu la umbo la nyota. Siku hizi hana tiketi za kutoboa, kwa hiyo hutoboa majani, maganda na kingo za magazeti. Alikuja kwangu Morogoro kutibiwa macho. Macho yakapona. Mama alishatangulia mbele ya haki na nyumbani kwetu Kilosa hakuna mtu, lakini Baba hujiona mgeni hata kwa mwanawe. Begi lake limekaa nyuma ya mlango, zipu imefungwa, tangu siku aliyofika.

Samaki wangu ni sita. Ni wale wembamba kama kamba za viatu, wa njano wenye mistari ya kahawia, na sharubu fupi mdomoni. Dukani huitwa kuhli, na wageni wangu huwaita nyoka. Hukaa chini kabisa, hujifukia mchangani, na mchana ni nadra kuwaona. Baba ndiye aliyewapa majina, yote ya stesheni alizopita maisha yake yote: Kimamba, Kilosa, Kidete, Godegode, Gulwe na Msagali. Anawatofautisha kwa mistari ya kichwani, jambo ambalo mimi mwenyewe siliwezi.

Kisha Kilosa akapotea. Baba akatangaza, bila kuulizwa na mtu, "Mimi siwezi kushuka kabla abiria hawajatimia. Akionekana huyu, nami nitarudi kwangu."

Kila mfugaji wa kuhli anajua pa kuangalia kwanza. Ni ndani ya chujio, lile sanduku dogo linaloning'inia nyuma ya tangi. Wanapanda maji yanayoporomoka kutoka humo na kuingia. Mimi niliangalia chini ya mawe, nyuma ya mzizi, sakafuni, hata ndani ya viatu. Chujio sikulifungua.

Basi, katika ndoto, natumbukiza mpira wa kuvutia maji ndani ya tangi, naweka ncha mdomoni, navuta. Maji hayaji.

"Salamu kwanza," mpira unasema.

"Samahani. Habari za jioni?"

"Siku zote unaniweka mdomoni, leo ndiyo unaniuliza habari." Mpira umeudhika, lakini si sana. "Leo sivuti. Humu watu hawajatimia. Tazama mwenyewe."

Natazama, na tayari nimo ndani. Siogopi kulowa. Kinachonisumbua ni kwamba nimeingia na viatu vyenye soli ngumu, na mchanga wa kuhli unatakiwa uwe laini na usiwe na kitu chochote cha kukwaruza, maana sharubu zao huchubuka upesi. Navua viatu, navishika mkononi. Sebule ni ile ile, ila sakafu imekuwa mchanga na kiti cha Baba kimeota ukoga.

Kuhli watano wanakuja wakitembea wima. Wamevaa masweta ya shule yenye mistari, na wamebanana kama watu waliojificha mvua chini ya mwavuli mmoja.

"Dada, tafadhali, usisimame peke yako," Gulwe ananiambia. "Inatutisha."

Wananiingiza katikati yao. Kuna joto kidogo, na harufu ya majani makavu.

"Sisi hatufugwi mmoja mmoja," anaendelea. "Mmoja akiachwa peke yake hali, hatoki, anabaki kama uzi. Ulisoma hilo."

"Nilisoma."

"Uliposoma, ulidhani ni habari za samaki tu?"

Mimi ni mtu wa kupata jibu baadaye, wakati naosha vyombo.

"Baba yuko wapi?" nauliza.

Wote watano wanaelekeza sharubu juu.

Baba anaelea karibu na dari, ndani ya mfuko wa plastiki uliofungwa fundo, kama ile ya dukani. Amekaa magoti yakiwa kidevuni na begi limo mapajani. Mfuko umeingia ukungu kwa pumzi zake. Anafuta kidirisha kidogo kwa mkono wa shati na kunipungia.

"Uko salama, Baba?"

"Niko salama tu. Usijisumbue, mwanangu. Hewa bado ipo."

Huu ni utaratibu ninaoufahamu. Samaki mgeni hamwagwi moja kwa moja. Unauacha mfuko uelee juu ya maji mpaka joto la ndani na la nje lilingane, kisha unafungua fundo, naye anatoka kwa hiari yake.

"Sisi tulielea muda wa kikombe kimoja cha chai," anasema Kidete. "Mzee anaelea tangu masika."

"Nani alitakiwa kumfungulia?"

Kuhli ni viumbe wapole sana. Msagali anaokota mchanga mdomoni, anautafuna taratibu, anautolea kwenye matamvua.

Napanda juu kushika fundo. Ni fundo la muuza samaki, gumu kama kokwa. Najaribu kwa kucha, najaribu kwa meno.

"Stamili," Baba ananiita kutoka ndani, kwa ile sauti yake ya kazini. "Utaratibu ni utaratibu. Hakuna anayeshuka kabla abiria hawajatimia."

"Kwa hiyo Kilosa yuko wapi?" nawauliza wale watano.

Wanatazama chujio, kisha, kwa adabu, wanatazama pembeni.

Mara tuko stesheni. Hakuna aliyesema twende, lakini kuhli watano wamekwishajipanga mmoja nyuma ya mwingine na kuwa mabehewa, na Kimamba anapuliza mapovu mbele. Mwisho wa jukwaa kuna maporomoko ya maji. Napanda kwa tumbo, kama wanavyopanda wao. Siyo vigumu. Unatakiwa tu usifikirie watu wanakuonaje.

Juu kuna mlango. Chujio lina sauti ya mtu mwenye kifua kibaya, nami namwamkia kwa sababu amenizidi umri.

"Shikamoo."

"Marahaba, binti. Umechelewa." Linakohoa. "Kwa kawaida hunisafisha. Safari hii umeniacha mpaka nimejaa. Nikiziba, hao wa chini watakosa pumzi, na yule wa kwenye mfuko pia. Unajua?"

"Najua."

"Na kuna mtu humu ndani. Nilimpokea alale mara moja tu. Akanenepa."

Naingia. Kilosa amelala kwenye sponji kama mtu aliye kitandani siku ya mapumziko. Amekuwa mnene kama penseli. Anajikunja kunipisha.

"Karibu, dada. Usijali uchafu."

"Mbona hukurudi kwa wenzako?"

"Nilikuja kuchungulia tu. Halafu Mzee akaanza kuniletea chakula."

"Mzee gani?"

"Mzee wa nyota."

Ananionyesha ukuta. Umebandikwa vipande vya tango, vyembamba, vimekatwa kwa uangalifu kama vya kachumbari, na kila kimoja kina tundu la nyota katikati.

"Ukishatoka kwenda kazini, anafungua kifuniko," Kilosa anaeleza. "Anasema, 'Tiketi.' Mimi sina. Ananipa moja, naila. Kisha ananiambia, 'Kaa kidogo, bwana mdogo. Usitoke bado.'"

Mota inanguruma polepole chini yetu. Nasikia uso ukiniwaka, ingawa nimo majini.

"Kwa hiyo Baba anajua uko hapa."

"Na wewe ulikuwa unajua, dada."

Hasemi kwa ubaya. Anasema kama mtu anayekukumbusha ulipoacha miwani.

"Nikikutoa, ataondoka."

"Alisema hivyo, ndiyo. Lakini mtu akiwa kwenye mfuko husema mengi." Anajinyoosha, anajikunja tena. "Mimi ningependa kushuka. Humu shibe ipo. Isipokuwa sina wa kubanana naye."

Nailowesha mikono vizuri, kwa sababu ngozi ya kuhli ni laini na haitaki kushikwa kwa mkono mkavu, na namchukua. Tunateremka maporomoko pamoja. Wale watano wanamwona, wanaacha kuwa treni na kumrukia, na wote sita wanakuwa fundo moja la mistari ambalo huwezi kujua nani anaanzia wapi.

Juu, Baba anafuta ukungu na kuwasoma kwa sauti.

"Kimamba. Kidete. Godegode. Gulwe. Msagali." Anasita. Sauti inashuka. "Kilosa."

Analiweka begi begani.

"Haya. Wametimia," anasema, kama mtu aliyepewa habari za msiba.

Filimbi inalia. Mfuko unaanza kusogea kuelekea dirishani. Naukumbatia kwa mikono yote miwili, nafungua mdomo nimwambie, na yanatoka mapovu. Najaribu tena. Mapovu makubwa zaidi. Yanapanda yakigonga mfuko moja moja, pwa, pwa, na Baba anayatazama kwa heshima, akisubiri yamalize.

"Hapana, dada," Gulwe ananong'ona kutoka chini. "Siyo kwa maji. Kwa hewa. Panda juu."

Napiga miguu. Maji yanakuwa mepesi, yanakuwa na mwanga. Paji la uso wangu linatoka kwenye baridi.

Nikaamka.

Jua lilikuwa limeshafika kwenye chandarua. Jikoni Baba alikuwa akikoroga chai, kijiko kikigonga kikombe. Na sebuleni chujio lilikuwa likikohoa kweli. Maji yaliyozoea kuporomoka yalikuwa yakidondoka tu, kama bomba lisilofungwa vizuri.

Nilikwenda pekupeku, nimejifunga kanga, nikainua kifuniko.

Kilosa alikuwa juu ya sponji, mnene kama penseli. Pembeni yake kulikuwa na kipande cha tango, kibichi, kimeliwa upande mmoja. Nilikichukua nikakiinua kwenye mwanga. Jua likapita katikati yake na kuchora nyota ndogo kwenye mkono wangu.

Baba akatokea na vikombe viwili. Akasimama.

"Umeamka," akasema.

"Baba, tango hili."

"Lipi?"

Nikamwonyesha. Akaliangalia kwa muda, kama tiketi ambayo ana mashaka nayo.

"Aa. Hilo lilibaki kwenye kachumbari."

"Na nyota?"

"Nyota…" Akaviweka vikombe mezani, akavizungusha ili mikono yake ipate kazi. "Nilimwona siku ile ya mvua kubwa, Stamili. Nilitaka kukwambia. Kisha nikafikiri, nikikwambia itabidi nifunge begi."

Begi limefungwa tangu siku aliyofika. Sikumsahihisha.

"Na wewe?" akauliza polepole, akitazama maji yanayodondoka. "Hili dude hulisafisha kila mara. Safari hii vipi?"

Nililowesha mikono, nikamchukua Kilosa na kumshusha majini. Alikwenda chini moja kwa moja. Mchanga ukatikisika hapa, ukatikisika pale, na mchana kweupe, jambo wasilolizoea, wenzake wakachomoza mmoja mmoja na kumsogelea, mpaka pale chini ya mzizi pakawa na fundo moja la mistari.

Baba aliinama, mikono magotini, akiwasoma kwa midomo bila sauti. Nilimwona akifika kwa Kilosa. Nilimwona akisita.

"Haya," akasema. "Wametimia."

Akanyooka. Macho yake yakaenda nyuma ya mlango, na mguu mmoja ukafuata.

Nikafungua mdomo. Nikavuta pumzi, ikaingia, ilikuwa hewa.

"Baba!" nikasema, na sauti ikatoka kubwa kuliko nilivyokusudia, hata jirani aliyekuwa akianika nguo nje akageuka kutazama dirishani kwetu. "Hata wakitimia, usiende. Sikukaribishi kama mgeni. Nataka ukae hapa na mimi."